Bajia za Mboga, Kazi ya Mikono Yetu

Na mwanafunzi wa darasa la saba, wavulana

Kila sifa njema ni za Allah (S.W.), aliyetuumba na akaturuzuku. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), ahli zake na sahaba zake. Ama baad.

Ndugu msomaji, wanafunzi wa darasa letu tulitakiwa kila mmoja aandike juu ya jambo alilojifunza nje ya darasa. Wenzangu wamechagua safari, kilimo na mpira. Mimi nimechagua bajia. Najua wapo watakaocheka kuona mwanafunzi wa kiume ameacha mambo yote akaandika habari za karai na mafuta. Nawaomba wasome mpaka mwisho kisha ndipo wacheke, kwani katika karai hilo nimesoma hesabu, sayansi, fiqhi na subira, na ndani yake ndimo ilimotoka kodi ya nyumba tunayolala.

ASILI YA BAJIA

Kwanza tuijue asili ya kitu chenyewe. Jina la bajia limetoka Bara Hindi, ambako watu huviringa mboga katika unga wa dengu na kuzikaanga. Wafanyabiashara wa Kihindi walikuja pwani yetu kwa majahazi ya pepo za kaskazi tangu karne nyingi, na mapishi yao yakaingia majumbani mwetu kama yalivyoingia sambusa na chapati. Leo sisi watu wa Tanga tunasema bajia, wengine husema badia, na ndugu zetu wa Kenya huandika bhajia. Ukifika Nairobi ukaagiza bhajia, utaletewa vipande vya viazi vilivyovikwa unga wa dengu. Ukifika Unguja utazikuta ndani ya bakuli la urojo pamoja na kachori na viazi.

Ziko pia bajia za kunde, ambazo kunde hurowekwa, zikatolewa maganda, zikasagwa na kukaangwa. Hizi zina ndugu wengi duniani. Wayemeni na Wasomali wanazo, tena kwa jina linalofanana na letu. Watu wa Nigeria wana akara, ambayo nayo ni kunde. Waafrika waliochukuliwa utumwani wakaipeleka akara hiyo mpaka Bahia, nchini Brazil, ambako mpaka leo kina mama wanaikaanga barabarani na kuiita acarajé. Kwa hiyo, mwanafunzi mwenzangu, ukimwona mama wa mtaani kwako ameinamia karai wakati wa jioni, ujue kuwa wako kina mama kama yeye pande nyingi za dunia, na wengi wao wanalisha watoto kwa kazi hiyo hiyo.

Ama dengu, usidhani zote zinatoka ng'ambo. Hapa Tanzania zinalimwa sana mikoa ya Kanda ya Ziwa kama Shinyanga na Mwanza, katika ule udongo mweusi wa mbuga. Wakulima huzipanda mvua zinapoelekea kwisha, nazo hukua kwa unyevu uliobaki ardhini. Ni zao la subira, na bajia nazo, kama utakavyoona, zinataka subira.

ILIVYOKUWA MPAKA NIKASHIKA MWIKO

Baba yetu alifariki nilipokuwa darasa la nne shule ya msingi, Allah amrehemu. Tangu hapo mama ametulea mimi na wadogo zangu wawili wa kike kwa kuuza bajia na chatini mbele ya nyumba tuliyopanga. Miezi ya kawaida biashara huenda taratibu. Mwezi wa Ramadhani ndio mwezi wa mavuno, kwani kila nyumba inataka kitu cha kuweka mezani kwa futari.

Katika Shaaban ya mwaka 1445, yaani kabla ya Ramadhani iliyoanza mwezi Machi 2024, mama aliteleza uani akitoka kuchota maji, akaanguka na kuvunjika kiwiko cha mkono, pale panapoungana na kiganja. Ulikuwa mkono wa kulia. Hospitali wakamfunga hogo na kumwambia asiutumie mkono huo kwa muda wa wiki sita. Ramadhani ilikuwa imebakiza wiki mbili tu. Na mara baada ya Idd tulikuwa tunadaiwa kodi ya miezi sita, vyumba viwili, shilingi 40,000 kwa mwezi, jumla 240,000.

Usiku ule mama hakulia mbele yetu. Alikaa juu ya mkeka, hogo likiwa mapajani, akawa anahesabu kwa vidole vya mkono wa kushoto. Nikamwambia, "Mama, mimi nitakaanga."

Akanitazama kwa muda. "Wewe una shule asubuhi, una madrasa, na utakuwa umefunga. Joto la karai unalijua, baba?"

Nikamjibu kuwa silijui, lakini yeye analijua, na ulimi wake haukuvunjika. Akacheka, ikawa ndiyo mara ya kwanza kucheka tangu aanguke. Basi tukakubaliana kwamba yeye atakaa juu ya kigoda na kuniambia, nami nitafanya. Mdogo wangu wa miaka kumi na mitatu atakatakata mboga na kupokea pesa. Yule wa miaka sita, ambaye bado hafungi, kazi yake tutaiona huko mbele.

MAHITAJI

Shida ya kwanza ilikuwa vipimo. Mama hana kipimo. Ukimuuliza maji kiasi gani, anasema, "Mpaka unga ukuambie basi." Ukimuuliza chumvi, anasema, "Ya kutosha." Nikachukua daftari na kikombe cha chai, nikawa napima kila alichonielekeza kabla ya kukitia bakulini. Baada ya siku nne tukapata vipimo hivi, ambavyo vinatoa bajia kama 60 za wastani:

Unga wa dengu nusu kilo.
Unga wa mchele vijiko viwili vya chakula, ili bajia ziwe kavu kwa juu.
Vitunguu maji vinne vya wastani, vikatwe vyembamba.
Mchicha fungu moja, uoshwe, ukaushwe, ukatwe mdogo mdogo.
Karoti mbili na viazi viwili, vikwaruzwe.
Kotmiri kidogo, pilipili mbuzi moja au mbili.
Kitunguu thomu punje nne na tangawizi kipande, vitwangwe.
Bizari nyembamba kijiko kimoja cha chai, na manjano nusu kijiko.
Chumvi kijiko kimoja cha chai na nusu.
Beking pauda nusu kijiko cha chai.
Maji kikombe kimoja na nusu, na mengine kidogo ya akiba.
Mafuta ya kukaangia, yawe mengi kiasi cha bajia kuelea.

NAMNA YA KUTAYARISHA

Chekecha unga kwanza, kwani unga wa dengu hushikana mabonge. Changanya na unga wa mchele, viungo vikavu na beking pauda. Tia maji kidogo kidogo huku unapiga kwa mkono au kwa mwiko, mpaka uwe mzito kama uji wa kumlisha mtoto anayeanza kula. Usiogope kuupiga sana. Unga wa ngano ukiupiga sana huvutika na kuwa mgumu, lakini dengu hazina huo mvutano, na kuupiga kunauingiza hewa ukawa mwepesi.

Ufunike, uuache robo saa hadi nusu saa. Mama anasema unga "unakunywa maji". Unga usiopumzika huacha uchungu na vumbi mdomoni, kwani dengu mbichi zina ladha isiyopendeza.

Mboga na chumvi zitie mwisho, karai likiwa limeshapata moto. Sababu yake ni hii: chumvi huvuta maji kutoka katika kitunguu na mchicha. Ukizichanganya mapema ukazikalisha, utakuta bakuli limekuwa mchuzi, utaongeza unga, na bajia zitakuwa za unga bila mboga. Mchicha nao ukaushwe vizuri baada ya kuoshwa, kwa sababu hiyo na kwa sababu nyingine ya hatari nitakayoieleza.

Sasa mafuta. Mafuta ya kukaangia bajia hutakiwa yafike nyuzi 170 mpaka 180 hivi. Sisi hatuna kipimajoto. Mama hudondosha tone la unga. Likizama na kukaa chini, mafuta bado. Likiibuka papo hapo na kuwa jeusi, yamezidi. Likizama kidogo, kisha likapanda juu likichachatika pembeni, sema Bismillahi uanze. Jiko letu ni la mkaa, hivyo kupunguza moto ni kuondoa makaa mawili kwa koleo au kuyafunika kwa majivu, na kuongeza ni kupepea. Anza kabla moto haujakuhitaji, kwani mkaa hausikii amri haraka.

Teka kwa kijiko au kwa vidole, uiache bajia iteleze karibu kabisa na uso wa mafuta. Usiirushe kwa mbali. Usijaze karai. Ukitia nyingi kwa pamoja mafuta hupoa, na mafuta yaliyopoa huingia ndani ya bajia. Zigeuze mara moja au mbili, zikiwa na rangi ya dhahabu na mchachatiko umepungua, zitoe.

Nilimuuliza mwalimu wetu wa sayansi shuleni kwa nini mafuta moto hayaingii kwenye bajia kama mafuta ya uvuguvugu. Akanieleza kwamba maji huchemka kwenye nyuzi 100, nayo mafuta yamepita hapo mbali. Maji yaliyomo ndani ya bajia yanageuka mvuke na kutoka kwa nguvu, ndiyo yale mapovu tunayoyaona, na mvuke unaotoka unayazuia mafuta kuingia. Mapovu yakiisha na bajia ikabaki karaini, mlango umefunguka. Tena akaniambia kuwa mafuta mengi huingia bajia inapopoa baada ya kutolewa, kwani mvuke uliobaki ndani hupungua na kuyavuta mafuta yaliyoganda juu. Kwa hiyo tikisa chujio pale pale, bajia zikiwa bado moto, kisha zitandaze bila kuzipandanisha.

Nilipomsomea mama maelezo hayo kutoka katika daftari langu, akasema, "Sasa mbona mimi hutikisa chujio miaka yote hii, na shule sikupita sana?" Nami nikaona kuwa wote wawili wamesema jambo moja, mmoja kwa kalamu na mwingine kwa mkono.

Chatini yake ni nazi iliyokunwa, pilipili, kitunguu thomu, chumvi na ndimu, visagwe pamoja. Tengeneza ya siku hiyo hiyo tu, kwani nazi huchacha upesi katika joto letu.

KUONJA CHUMVI NAWE UMEFUNGA

Hili ndilo swali nililompelekea ustadh wetu siku ya pili ya mfungo. Akanifahamisha kwamba mpishi mwenye haja akionja kwa ncha ya ulimi kisha akatema, saumu yake haiharibiki maadamu hakumeza kitu, na kwamba yamepokewa maneno ya ruhusa hiyo kutoka kwa Ibn Abbas (r.a.). Lakini kuonja bila haja yoyote kunachukiza, maana ni kuuweka mfungo hatarini bure.

Sisi Alhamdulillah tulikuwa na mwonjaji wetu wa miaka sita. Bajia ya kwanza ya kila karai ilikuwa yake. Aliitafuna macho yakitazama juu kama kadhi anayepima ushahidi, kisha akatoa hukumu: "Chumvi bado," au "Hapo sawa." Hakukosea hata siku moja, na mwisho wa mwezi alikuwa amenenepa.

HESABU YA DAFTARI NA MAFUTA YALIYOCHOKA

Kila siku nilirudi shule saa nane, nikaswali, saa tisa tukawasha jiko. Siku za Jumamosi na Jumapili asubuhi nilikuja madrasa kama kawaida. Tulikaanga unga kilo mbili kwa siku, yaani bajia 240, moja shilingi 100. Mauzo yakawa 24,000. Matumizi yalikuwa haya: unga 7,000, mboga na viungo 3,500, mafuta wastani wa lita moja kwa siku 5,500, mkaa 1,500. Jumla 17,500. Faida 6,500. Futari yetu wenyewe haikuingia humo, kwani mjomba, Allah amlipe, alituletea mchele na unga wa mwezi mzima.

Wiki ya kwanza ilipokwisha nikakaa na kalamu. Mvua kubwa ilikuwa imetunyima siku moja, zikabaki siku 28 za kuuza. Faida ya 6,500 mara 28 ni 182,000. Kodi ni 240,000. Zinapungua 58,000.

Katika siku hizo alikuwa akipita kijana mmoja na madumu, anauza mafuta yaliyokwishakaangiwa mahali pengine. Lita moja shilingi 2,000 tu. Nikapiga hesabu tena. Tungeokoa 3,500 kila siku kwa siku zilizobaki. Kodi ingetimia na nyingine zingebaki, za nguo za Idd za wadogo zangu. Nikampelekea mama hesabu zote mbili, bila kumshauri neno, kwani karai ni lake.

Mama akaniambia nimlete yule kijana. Akamwomba matone machache kwenye kiganja cha mkono wa kushoto. Akayatazama kwenye mwanga, yalikuwa mekundu kama chai ya rangi. Akayanusa, akayasugua kwa kidole gumba. Kisha akamwambia kijana kwa upole, "Ahsante baba, haya yamechoka." Kijana akaenda zake.

Nikamwambia, "Mama, watu wananunua kwake, na hakuna anayejua."

Akanijibu, "Mtu amekaa na njaa tangu alfajiri kwa ajili ya Mola wake. Kitu kinachoingia tumboni mwake kiwe hiki? Na wewe unasema hakuna anayejua, nawe umefunga. Umefunga kwa ajili ya nani, kama si kwa Yule anayejua?"

Sikuwa na la kusema. Katika darasa la Hadithi tulikuwa tumesoma habari ya Mtume (S.A.W.) alipopita sokoni, akaingiza mkono katika rundo la chakula akakuta limelowa ndani, akamuuliza mwenye mali kwa nini hakukiweka kilicholowa juu watu wakakiona, na akawakana wenye kughushi. Nilikuwa nimeihifadhi kwa mtihani. Siku ile niliiona uani kwetu, ikiwa na madumu.

Msomaji, mafuta yakichemshwa mara nyingi huharibika. Dalili zake ni rangi nyeusi, uzito, povu lisiloisha, harufu kali, na kutoa moshi mapema kabla hata hayajafika moto wa kukaangia. Ukitumia mafuta nyumbani, yachuje yakishapoa ili kutoa makombo, yahifadhi mahali pasipo jua, na ukiziona dalili hizo usiyarudie. Wala bajia zisitiwe rangi ya dukani ili zipendeze. Manjano na pilipili vinatosha.

Tulichofanya sisi ni kukaanga zaidi. Siku kumi za mwisho tuliongeza nusu kilo ya unga kila siku, bajia 60 nyingine, na zikatuachia kama 1,600 kwa siku. Jumla ya mwezi mzima ikawa 198,000. Zilipungua 42,000.

Hogo lilipotoka, mama alikwenda mwenyewe kwa baba mwenye nyumba. Akamkabidhi 198,000 na kumweleza ukweli wote, akaomba wiki tatu kwa zilizobaki. Baba mwenye nyumba akazihesabu, akanyamaza, kisha akasema, "Bajia zako nimezila mwezi mzima. Lete ukipata." Katika Shawwal tukamaliza deni. Nguo za Idd mwaka ule zilikuwa za mwaka uliotangulia, zimefuliwa na kupigwa pasi, na wadogo zangu wakaenda nazo kuswali wakiwa na furaha.

KARATASI ZA KUFUNGIA

Hapa ninalo ombi kwa familia zote. Tangu mifuko ya plastiki ilipopigwa marufuku nchini mwezi Juni 2019, wauzaji wengi hufungia vyakula kwenye karatasi, na karatasi rahisi kupatikana ni madaftari ya zamani ya wanafunzi. Katika madaftari hayo zimo aya za Qur'ani, majina ya Allah na Hadithi, kwa herufi za Kiarabu na hata za Kiswahili. Mdogo wangu wa pili alikuwa akikagua kila ukurasa, na wenye maandishi hayo akauweka kando tukauhifadhi pahala pa heshima. Mwishowe mama aliona ni salama zaidi kununua karatasi nyeupe zisizoandikwa, na wino nao haukuingia kwenye chakula. Kabla hujauza daftari lako la madrasa kwa kilo, likague.

TAHADHARI YA MOTO

Mafuta ya moto si mchezo. Zingatieni haya:

1. Karai likae imara, mpini usielekee njiani, na watoto wasicheze karibu. Mwonjaji wetu alikuwa na mkeka wake hatua tano kutoka jikoni.

2. Tone la maji likiingia katika mafuta moto hugeuka mvuke ghafla na kuyarusha mafuta usoni. Ndiyo sababu ya kukausha mchicha na mikono.

3. Mikono ya kanzu na ncha za kanga zikunjwe na kufungwa.

4. Mafuta yakishika moto usiyamwagie maji hata kidogo. Funika karai kwa mfuniko au sinia la bati, ondoa moto chini yake ikiwezekana, na usilibebe karai likiwa linawaka.

5. Mtu akiungua, mwagilia pahali hapo maji safi ya kawaida yanayotiririka kwa muda wa dakika 20. Usipake dawa ya meno, yai, unga wala mafuta, kwani hubakiza joto na kuleta uchafu kwenye kidonda. Jeraha likiwa kubwa, au likiwa usoni, mikononi au kwa mtoto mdogo, mpelekeni hospitali.

Pia tusizidishe kula. Kunde na dengu ni vyakula vizuri vyenye protini nyingi, lakini bajia imepita katika mafuta. Fungua kwa tende na maji kama ilivyo sunna, swali Maghrib, kisha bajia tatu nne pamoja na uji zinatosha. Hata mama anayeziuza anasema hivyo kwa wateja wake.

WALIOCHEKA

Baadhi ya vijana wa mtaani walinipa jina la "Mama Bajia". Walikuwa wakipita jioni na kuniita kwa sauti. Nilimweleza ustadh, naye hakuwakaripia. Alisubiri darasa lililofuata akatusomesha habari ya Bibi Aisha (r.a.), alipoulizwa Mtume (S.A.W.) alikuwa akifanya nini nyumbani kwake. Akaeleza kuwa alikuwa akiwahudumia watu wake wa nyumbani, na wakati wa Swala ukifika akatoka kwenda kuswali. Kisha akatusomesha kwamba hakuna chakula bora kuliko anachokula mtu kutokana na kazi ya mikono yake, na kwamba Nabii Daud (A.S.) alikuwa akila kwa kazi ya mikono yake ilhali alikuwa mfalme.

Akamaliza hapo, wala hakunitaja. Jioni ile wawili kati ya wale vijana walikuja kununua bajia. Mmoja akaniuliza kwa sauti ya chini jinsi ya kujua mafuta yamepata moto, kwani mama yake naye alikuwa mgonjwa. Nikamwonyesha lile tone la unga.

USIA WANGU

Wanafunzi wenzangu wa kiume, ingieni jikoni mama akiwa mzima, msingoje mpaka avunjike mkono. Dada zangu, wafundisheni kaka zenu bila kuwacheka. Na sote tuchukue daftari tukae na mama zetu na bibi zetu, tuandike vipimo vyao. Elimu yao haimo katika vitabu vya dukani, nao hawataishi milele.

Mama amepona. Mkono wake bado humuuma siku za mvua, kwa hiyo unga naupiga mimi mpaka leo, na yeye bado ananiambia kuwa ni mzito, au ni mwepesi, au, mara chache sana, kwamba hapo sawa.

Namwomba Allah (S.W.) awaponye wagonjwa wetu, awarehemu wazee wetu waliotangulia, na atubarikie riziki zetu za halali hata zikiwa chache. Amin.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.